Kwa nini Laddaland inatisha wakati mzimu haonekani sana?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Niko Morogoro, najifunza kuandika na kuongoza filamu fupi pamoja na wenzangu. Juzi nimeangalia filamu ya Thailand inaitwa Laddaland. Mzimu anaonekana kidogo tu, lakini nilishinda na hofu hadi siku ya pili yake. Sisi tukitengeneza filamu ya kutisha tunaweka damu, makelele na mtu aliyejipaka unga usoni, na watazamaji wanacheka. Huyu mwongozaji anafanya nini ambacho sisi hatufanyi? Na nikitaka kumsoma vizuri, nifuate filamu zipi?

JIBU: Marahaba, mdogo wangu. Swali lako limenifurahisha kwa sababu umeangalia kwa jicho la mtengenezaji. Nikujibu la msingi kwanza: Laddaland inatisha kwa sababu familia ile imeshabanwa kila upande kabla mzimu hajaingia. Mwongozaji wake, Sophon Sakdaphisit, anaanza na mtu mwenye deni, au mwenye aibu, au mwenye kosa alilolifukia. Anamfungia milango yote ya kutokea, ndipo anamleta mzimu. Nyinyi mnaanza na mzimu. Mtu aliyejipaka unga akimtokea mtu tusiyemjua, asiye na cha kupoteza, watazamaji watacheka tu, na hawana kosa.

Kazi yangu ni uhariri, hivyo utanivumilia nikikaa sana kwenye mpangilio wa matukio na sauti. Lakini kwa Sophon lazima tuanze na uandishi, maana huko ndiko alikotokea. Shutter ya mwaka 2004 aliiandika pamoja na waongozaji wake wawili, Banjong Pisanthanakun na Parkpoom Wongpoom. Filamu ile ilienda mbali hadi Wamarekani wakaitengeneza upya mwaka 2008. Watatu haohao wakashiriki tena kuandika Alone ya mwaka 2007, hadithi ya pacha waliozaliwa wameungana. Baada ya hapo akakaa mwenyewe kwenye kiti cha mwongozaji: Coming Soon (2008), Laddaland (2011), The Swimmers (2014), The Promise (2017) na Home for Rent (2023). Ukizifuata kwa mpangilio huo utaona jambo moja linakua kutoka filamu hadi filamu.

Mbegu yake iko kwenye Shutter. Kama hujaiona na hutaki kujua mwisho wake, ruka aya hii na inayofuata. Tun ni kijana mpiga picha. Usiku mmoja yeye na mpenzi wake Jane wanatoka kwenye sherehe, gari lao linamgonga mwanamke, wanakimbia. Kuanzia hapo picha zake zinatoka na vivuli visivyoelezeka, na shingo inaanza kumuuma. Anakwenda kwa daktari, anapanda kwenye mizani. Mizani inasoma kilo 120. Tun ni mwembamba, huhitaji kuwa daktari kujua kwamba namba hiyo haiwezekani. Inaonekana mashine ni mbovu, hadithi inaendelea, nawe unasahau. Mwishoni kabisa kamera ya picha za papo hapo inafyatuka, na kwenye picha anaonekana Natre, msichana aliyewahi kuwa mpenzi wake, amekaa mabegani mwake. Muda wote ule alikuwa amembeba.

Angalia kazi ya ile mizani. Ni tukio fupi, la mchana, hospitalini, na ndani yake hakuna kiumbe wa kutisha. Lakini bila hilo, picha ya mwisho ingekuwa mshtuko wa sekunde mbili tu. Kwa kuwa limetangulia, picha ya mwisho inakurudisha nyuma kwenye kila tukio ambalo Tun alijishika shingo, na unaanza kuogopa mambo uliyokwisha kuyapita. Tena kuna sababu ya yeye kubebeshwa mzigo ule: siku marafiki zake walipombaka Natre, Tun hakuwazuia, alishika kamera akapiga picha. Hatia aliyoificha imepewa uzito unaopimika. Mwandishi anayefikiri namna hiyo haanzi kwa kujiuliza mzimu wake ana sura gani. Anajiuliza huyu mtu amefanya nini, na jambo hilo litamuuma sehemu gani ya mwili.

Sasa turudi kwenye Laddaland, ambako ndiko ulikouliza.

Thee ni baba wa makamo. Amepata kazi kwenye kampuni inayouza bidhaa za afya, amenunua nyumba kwenye mradi mpya wa makazi huko Chiang Mai, kaskazini mwa Thailand, na anawahamishia huko mke wake Parn na watoto wawili. Binti mkubwa, Nan, amelelewa na bibi yake Bangkok, na kila ishara ya mwili wake inaonyesha kwamba hamkubali baba huyu. Mama mkwe hajawahi kumwona Thee kama mwanamume anayetosha. Kwa hiyo nyumba ile ndiyo hoja yake. Ndiyo jibu lake kwa mama mkwe, kwa binti, kwa wote waliowahi kumdharau. Dakika za mwanzo anawazungusha vyumbani akisubiri kusifiwa, na ukiangalia mara ya pili utaona kwamba hofu imeshaanza hapo, kwenye uso wa baba anayemtazama binti yake atasema nini.

Ndipo mauaji yanatokea mtaani. Mtumishi wa ndani, msichana kutoka Burma (Myanmar) aitwaye Makhin, anakutwa ameuawa na mwili wake umefichwa kwenye friji. Majirani wanaanza kuhama. Jirani wa karibu ni mtu mkali anayempiga mkewe, na baadaye familia nzima ya nyumba ile inakutwa imekufa. Wakati huohuo kazi ya Thee inageuka kuwa utapeli, bosi anatoweka, mshahara haupo. Anaficha. Anatafuta kibarua kwenye duka la saa 24, anavaa sare ya duka, na nyumbani anaendelea kuwa mkuu wa familia mwenye kazi nzuri.

Katika kila filamu ya nyumba yenye mizimu, kuna swali ambalo mtazamaji wa nyuma kabisa ukumbini atalipaza: mbona hawahami? Waandishi wengi wanalikwepa. Gari linagoma kuwaka, mvua inakata barabara, mhusika anakuwa mbishi bila sababu. Sophon amelijibu kwa kitu ambacho kila mtu mzima anakijua. Thee ameweka kila alichonacho kwenye nyumba ile, mkopo unasubiri marejesho, na nyumba iliyo kwenye mtaa wa mauaji haina mnunuzi. Akihama leo anarudi kwa mama mkwe mikono mitupu. Mke anamwomba waondoke, watoto wanalia, nawe unajua wana haki, na bado unaelewa kwa nini yule baba hawezi. Hapo ndipo kifua kinapobana. Ukimwelewa mtu anayefanya kosa utaogopa naye. Ukimwona mjinga utamcheka.

Nadhani hii ndiyo sababu filamu hii ilikukaa hadi siku ya pili. Uso wa mzimu unasahaulika ukipata chai asubuhi. Hesabu ya kodi na ada haisahauliki.

Kuna jambo lingine watazamaji wa nje ya Thailand hulipita haraka. Mzimu wa kwanza katika mtaa ule ni wa nani? Ni wa mfanyakazi mhamiaji. Wahamiaji kutoka Burma ni wengi sana Thailand, kwenye kazi za ndani, viwandani, kwenye ujenzi na uvuvi, na wengi wao wanaishi bila kuonwa na watu wanaowahudumia. Makhin alipokuwa hai alikuwa mtumishi wa nyumba fulani tu. Baada ya kufa ndipo mtaa mzima unalijua jina lake. Sophon hahutubii kuhusu hilo hata mara moja, na namheshimu kwa sababu hiyo.

Ili uelewe uzito wake, ujue kidogo imani zao. Wathai wengi ni Wabudha, lakini pamoja na dini hiyo wanaishi na imani za zamani za mizimu. Nje ya nyumba, maduka, hata hoteli kubwa za Bangkok, utakuta kijumba kidogo juu ya nguzo, kimewekewa maua, ubani na mara nyingi chupa ya soda nyekundu yenye mrija, kwa ajili ya roho inayolinda kiwanja kile. Na yule aliyekufa ghafla au kikatili, kabla ya wakati wake, wanamwita phi tai hong. Huyo ndiye anayeogopwa kuliko wote, kwa sababu ameondoka na jambo lisilokwisha. Mtazamaji wa Chiang Mai akisikia msichana amefungiwa kwenye friji, hahitaji kuelezwa kitakachofuata.

Filamu za kutisha za Thailand zilikuwapo zamani, na kwa miaka mingi zilikaa kijijini, kando ya mifereji, kwenye nyumba za mbao za babu zao. Mfano mzuri ni Nang Nak ya Nonzee Nimibutr, ya mwaka 1999, kuhusu Mae Nak, mwanamke aliyekufa katika uzazi wakati mumewe yuko vitani, kisha mume akarudi akaishi naye bila kujua ni marehemu. Mahali pa kumwabudia papo hadi leo kwenye hekalu la Wat Mahabut jijini Bangkok, na watu wanampelekea nguo na midoli. Ni filamu nzuri sana ya huzuni. Sophon aliichukua hofu ileile akaihamishia kwenye mitaa ya rangi mpya, yenye geti, mlinzi na bustani zilizokatwa vizuri. Hata jina Laddaland ni la eneo halisi la Chiang Mai, lililowahi kuwa kivutio cha watalii, ambalo kwa miaka mingi lilizungukwa na masimulizi ya mizimu. Alichukua masimulizi ambayo wenyeji walikuwa wanatishana nayo akaweka ndani yake mkopo wa nyumba.

Kuhusu kamera na sauti sasa, maana najua ndiko unakotaka nifike.

Mshtuko wa ghafla ni kitu cha mwili. Sauti kubwa ikipasuka baada ya kimya, misuli inaruka yenyewe, hata kama hadithi ni mbovu. Ndiyo maana ni rahisi, na ndiyo maana unaisha upesi. Baada ya mara ya tatu mtazamaji anaziba masikio, anasubiri upite. Hofu ya kungoja ni kazi nyingine kabisa. Inahitaji mtazamaji ajue kitu ambacho mhusika hakijui, au ashuku kitu ambacho hakionyeshwi, halafu aachwe nacho kwa muda. Sophon anatumia zote mbili. Sitakudanganya kwamba hatumii mshtuko. Anautumia, na kwenye Coming Soon naona aliutumia kupita kiasi. Ila kwenye Laddaland mishtuko ile imekaa juu ya msingi wa kungoja, kwa hiyo inapokuja inakuwa malipo ya kitu ambacho tayari unakidai.

Chukua mtaa wenyewe. Mwanzoni kuna majirani, kuna taa madirishani, kuna watoto. Kadiri watu wanavyohama, nyumba zinabaki tupu, zote zimefanana, zimepangwa mistari miwili. Sasa kila fremu pana ya barabara ile ina madirisha meusi mengi ambayo jicho lako linayapekua lenyewe. Mwongozaji hahitaji kuweka chochote humo. Amekupa kazi ya kutafuta, na wewe unaifanya bure. Nyinyi mnapobana kamera kwenye uso wa mhusika kila mara, mnaondoa sehemu ambazo mtazamaji angezikagua. Jaribuni kurudisha kamera nyuma, mlango uonekane nyuma ya mhusika, uwe wazi nusu, na msiukate mapema. Kama una uvumilivu wa kushikilia picha hiyo hadi wewe mwenyewe uanze kutapatapa kwenye kiti cha uhariri, umefika karibu.

Kwenye sauti, kosa ninaloliona mara nyingi kwenye kazi za vijana wetu ni muziki wa kutisha unaoanza tangu jina la filamu. Muziki huo unamwambia mtu ajiandae, na aliyejiandaa hatishiki. Fanya hivi: chukua tukio lenu moja mliloliona halitishi, toa muziki wote, bakiza friji inayonguruma, feni, mbwa wa mbali, nyayo. Halafu zima friji. Watu hawatajua ni nini kimebadilika, lakini watanyamaza.

Hapo niongeze ushauri wa kutazama. Filamu nyingi za Asia zinatufikia zikiwa zimetafsiriwa na madijei, na ninawapenda mabwana wale, wamewalea watazamaji wengi wa nchi zetu. Kwa filamu za mapigano wanaongeza utamu. Kwa Sophon wanaua filamu, kwa sababu msimulizi hawezi kuacha kimya kipite, na kimya ndicho kilichogharimiwa. Tafuta iliyo na sauti yake ya Kithai na maandishi chini, vaa hedifoni, zima taa.

Baada ya Laddaland, nenda kwenye The Promise, ingawa si kamilifu. Ili uielewe lazima ujue kilichotokea tarehe 2 Julai 1997. Serikali ya Thailand ilishindwa kuendelea kuilinda sarafu yake, baht, ambayo kwa miaka ilikuwa karibu 25 kwa dola moja. Ilipoachiwa ikaporomoka, na kufikia Januari 1998 dola moja ilikuwa imepita baht 50. Kampuni zilizokopa kwa dola zilikuta deni limeongezeka maradufu bila kukopa hata senti moja zaidi. Desemba 1997 taasisi 56 za fedha zilifungwa kwa mkupuo. Ujenzi ukasimama nchi nzima. Bangkok ilibaki na majengo ambayo hayakuisha, na maarufu kuliko yote ni Sathorn Unique, mnara wa ghorofa 49 ulioanza kujengwa mwaka 1990 ukaachwa ukiwa umebakiza sehemu ndogo tu.

Sophon alipiga filamu yake ndani ya mnara huo. Wasichana wawili wa miaka 15, Ib na Boum, ni marafiki wa kufa na kuzikana, na familia zao zinashirikiana kujenga jengo refu la kifahari. Mgogoro unapiga, baba zao wanafilisika, nyumba zinageuka jehanamu. Wasichana wanaapizana kufa pamoja kwenye jengo lile ambalo halijaisha. Ib anakufa. Boum anaogopa, anakimbia. Miaka 20 baadaye Boum ni mama, ana mali, ana binti anayekaribia kutimiza miaka 15, na anarudi kwenye jengo lile kwa sababu za biashara. Binti anaanza kutembea usingizini.

Unaona jinsi alivyokuza jambo lake? Kwenye Laddaland deni lilikuwa la benki. Hapa kuna deni la benki lililowaangusha wazazi, na juu yake ahadi iliyovunjwa, ambayo marehemu Ib anakuja kuidai kwa mtoto. Na jengo si mandhari ya kukodi. Kila mkazi wa Bangkok aliyepita Sathorn aliliona likiwa limesimama tupu, na wengine walipoteza akiba zao kwenye miradi kama ile. Sehemu ya katikati ya filamu inazunguka sana kwa maoni yangu, lakini dakika kumi na tano za mwanzo, zile za mwaka 1997, ni uandishi wa hali ya juu: furaha ya wasichana wawili, simu za kupigiana usiku, halafu baba anayelia mezani. Mzimu hajazaliwa bado na moyo umeshaanza kwenda mbio.

Tahadhari moja ya dhati: filamu hiyo inaonyesha vijana wakipanga kujiua, na inaonyesha kwa karibu. Kama kwenye kikundi chenu kuna mwenzenu anayepitia kipindi kigumu, msimkalishe mbele yake. Angalieni nyingine.

Home for Rent ndiyo ningependa uisome kwa kalamu mkononi, kwa sababu ya muundo. Ning na mumewe Kwin wana binti mdogo, Ing. Wanapangisha nyumba yao kwa daktari mstaafu na binti yake, wao wanakaa kwenye fleti. Kisha Kwin anabadilika. Ana mchoro wa pembetatu kifuani, anafanya mambo ya ajabu ifikapo saa kumi usiku, na Ning anaanza kuwahisi wapangaji wale kuwa watu wa ibada ya siri. Nusu ya kwanza tunaiona kwa macho ya mke. Halafu filamu inarudi nyuma na kutupa matukio yaleyale kwa macho ya mwingine, na vitendo vilevile vilivyokutia hofu vinakuwa na maana tofauti. Siendelei zaidi. Ila utakapoiangalia mara ya pili, andika kila tukio la nusu ya kwanza na ujiulize mwandishi alificha nini bila kusema uongo. Kuficha ni rahisi, kila mtu anaweza kukata kamera mapema. Kuficha kitu huku ukiwa umekionyesha waziwazi, mtazamaji akakosea mwenyewe kukisoma, ndiyo kazi ya mizani ya Shutter iliyotanuliwa hadi kujaza filamu nzima. Kama una muda wa filamu moja tu kati ya hizi, chukua hii.

The Swimmers nitaipita haraka. Waogeleaji wawili wa shule, Perth na Tan, marafiki na wapinzani, walimpenda msichana mmoja, Ice, ambaye sasa amekufa. Tan anamtafuta aliyempa Ice mimba, na Perth, anayejua jibu, anamsaidia kutafuta. Wazo lina nguvu kuliko filamu yenyewe, kwa sababu inataka kuwa tamthilia ya mapenzi ya shule na filamu ya hofu kwa wakati mmoja. Lakini kaa na Perth. Ni nadra kuona mhusika mkuu ambaye unamhofia yeye kuliko mzimu. Coming Soon, ya mwanzo kabisa, ni ya mwonyeshaji filamu wa sinema anayekubali kurekodi kwa siri filamu mpya ya kutisha ili iuzwe mtaani. Kinachomtuma ni deni. Ukishajua hilo utaiona ni ya Sophon hata kabla hajakomaa.

Usimchanganye na Banjong, mwenzake wa zamani. Yule amekwenda njia nyingine: mwaka 2013 alitengeneza Pee Mak, ambayo ni hadithi ileile ya Mae Nak kwa vichekesho, ikaingiza zaidi ya baht bilioni moja, na mwaka 2021 akatoa The Medium, iliyopigwa kana kwamba ni filamu ya matukio halisi (documentary) kuhusu mganga wa kaskazini mashariki. Zote zina thamani yake, lakini ukitaka kujifunza hofu inayotoka ndani ya nyumba yenye watu wa kawaida, mwalimu wako ni Sophon.

Sasa kuhusu filamu yenu. Ninakuomba msichukue mzimu wa Kithai, nywele ndefu usoni na shingo iliyopinda. Watazamaji wenu watajua mmeazima. Chukueni mpangilio. Nani, hapo Morogoro, hawezi kuondoka kwenye nyumba yenye matatizo? Mpangaji aliyelipa kodi ya miezi sita kwa mkupuo, na mwenye nyumba harudishi. Mama aliyechukua mkopo wa kausha damu kwa dhamana ya vyombo vya ndani, na wakopeshaji wanajua mlango wake. Kijana aliyewaambia wazazi kijijini kwamba ameajiriwa, kumbe hajaajiriwa, na baba anakuja kumtembelea Jumamosi. Mwandikeni mtu huyo hadi mjue anadaiwa kiasi gani, na nani, na lini. Mwandikeni anavyojibu simu ya mtu asiyetaka kuongea naye. Mkifika hapo mtakuta hamhitaji damu nyingi, na huenda mzimu mwenyewe akahitaji kuonekana mara mbili tu.

Unga pia si tatizo. Tatizo ni kwamba mtu wa unga amekuja kabla hatujajua anakuja kwa nani na anadai nini.

Andikeni kurasa kumi za kwanza bila mzimu. Wasomeeni watu wawili watatu ambao hawajui kwamba ni filamu ya kutisha, na muwaulize wanamwogopea mhusika kitu gani. Wakikutajia kitu kimoja wote, mzimu wenu aingilie hapo. Wakikosa jibu, rudini kwenye kurasa zilezile kabla ya kukodi kamera. Ukishakuwa na rasimu hiyo nitumie, nami nitaisoma kwa furaha.